Vitabu vya kupinga udhalimu: Fumbo limebeba tupa au ni mkate mtupu?

Butangi. Cheneo. Tomoko. Sagamoyo. Yeyote aliyesomea shule ya upili humu nchini katika miongo miwili iliyopita anapajua angalau mahali pawili kati ya hapo, na huenda hata sasa anaweza kukutajia nani alimfunga nani, na nani alimsaliti nani. Huko wachuuzi hufungiwa soko, wafanyakazi hunyimwa haki yao, wanaharakati hupigwa, na wasemao kweli huishia gerezani au kaburini. Kuna jambo moja tu linalokosekana. Hakuna hata mahali pamoja kati ya hapo panapopatikana kwenye ramani.

Fasihi ya Kiswahili nchini Kenya, hasa ile inayotahiniwa, imejenga mazoea ya kuusimulia ukatili wa dola kupitia nchi za kubuni. Sisi wahakiki tumeyapokea mazoea hayo, tukayapa jina la istiari, kisha tukasonga mbele. Nadhani wakati umefika wa kuuliza maswali magumu zaidi. Fumbo hili lilitoka wapi? Limetufaa nini? Na je, kuna kitu ambacho limetuficha?

Maswali haya si ya chumba cha semina pekee. Vijana waliojaza barabara za Nairobi, Mombasa, Kisumu na miji mingine mnamo Juni 2024 kuupinga Mswada wa Fedha, na waliofika hadi ndani ya Bunge tarehe 25 mwezi huo, wengi wao ni rika lile lile lililoisoma tamthilia ya Kigogo darasani. Waliokumbana na risasi siku hiyo hawakukumbana nazo Sagamoyo.

Tuanze mbali kidogo. Mfungwa wa kisiasa maarufu zaidi katika fasihi ya Kiswahili ni Fumo Liyongo, shujaa anayehusishwa na Pate na Ozi, ambaye utenzi wake uliandikwa na Muhammad Kijumwa wa Lamu mwaka wa 1913. Mtawala wa Pate alimwogopa kwa kuwa watu walimpenda. Akamtia kifungoni. Akiwa humo, Liyongo alimtungia kijakazi Saada wimbo wa kumpelekea mamake. Walinzi waliusikia wasiambulie kitu. Mama alipousikia alielewa mara moja: aoke mkate wa wishwa, na ndani yake afiche tupa. Walinzi walikuwa na tabia ya kuvidoea vyakula vizuri alivyoletewa mfungwa. Mkate wa wishwa waliudharau, wakauacha upite. Tupa ikafika, na minyororo ikakatwa huku ngoma ya gungu ikifunika sauti ya chuma.

Hilo ndilo fumbo katika asili yake. Lilifanya kazi mbili kwa mpigo: kumpumbaza mlinzi, na kumfikishia mama ujumbe ulio wazi kabisa. Fumbo mfumbe mjinga, walinena wahenga, mwerevu huligangua. Lakini fumbo linalompumbaza mlinzi bila kumfikia mama ni mkate mtupu. Kwa kipimo hiki tuvipime vitabu vyetu.

Waandishi wa Kenya huru walijifunza mapema gharama ya kusema bila kufumba. Mwaka wa 1968, kijana wa Mombasa, Abdilatif Abdalla, aliandika waraka wenye kichwa kilichokuwa swali: Kenya: Twendapi? Waraka huo uliikosoa serikali ya Mzee Jomo Kenyatta kwa jinsi ilivyokuwa ikikikandamiza chama cha upinzani cha KPU. Akashtakiwa kwa uchochezi, akatumikia kifungo cha miaka mitatu. Mashairi aliyoyatunga kwa siri gerezani yalichapishwa mwaka wa 1973 katika diwani ya Sauti ya Dhiki, na mwaka uliofuata diwani hiyo ikatunukiwa Tuzo ya Fasihi ya Jomo Kenyatta. Hebu litafakari hilo. Waraka wa nathari ulimpeleka jela chini ya rais huyo. Ushairi aliouandika jela ukampa tuzo yenye jina la rais yuyo huyo.

Sehemu ya maelezo ni fumbo. Shairi la “Mamba” laweza kusomwa na askari jela akadhani ni habari za mnyama anayejigamba mtoni. Lakini fumbo pekee halitoshi kueleza. Lugha pia inahusika, na hapa kisa cha Ngugi wa Thiong'o kinatusaidia. Riwaya yake ya Kiingereza, Petals of Blood, ilizinduliwa mwaka wa 1977 na Mwai Kibaki, aliyekuwa waziri wakati huo. Haikumfunga. Kilichompeleka Kamiti mwishoni mwa mwaka huo huo ni baada ya Ngaahika Ndeenda, tamthilia ya Kikuyu aliyoiandika na Ngugi wa Mirii, kuigizwa na wanakijiji wa Kamiriithu huko Limuru. Waama, walinzi hawakuogopa yaliyosemwa. Waliogopa ni nani aliyeyasikia.

Alamin Mazrui, aliyetoa tamthilia ya Kilio cha Haki mwaka wa 1981, alizuiliwa mwaka uliofuata. Katama Mkangi naye alizolewa katika misako ya miaka ya 1980. Hakuna hata mmoja kati ya hao watatu aliyefikishwa mbele ya hakimu ajibu mashtaka.

Kwa hivyo, nchi ya kubuni haikuzuka kwa uvivu wa waandishi. Ilikuwa kinga. Mkangi alipotoa riwaya ya Walenisi mwaka wa 1995, alimtoa mhusika wake Dzombo duniani kabisa, akamrusha kwa chombo cha angani hadi nchi ambayo jina lake ukilikata vipande linakuambia: wale ni sisi. Mtu aliyewahi kuwekwa kizuizini ana haki ya kuandika akiwa angani.

Na kinga hiyo imezaa matunda. Kifo Kisimani ya Kithaka wa Mberia (2001), Mstahiki Meya ya Timothy Arege (2009), Kidagaa Kimemwozea ya Ken Walibora (2012) na Kigogo ya Pauline Kea zote ziliteuliwa kutahiniwa katika KCSE. Maana yake ni kwamba mamia ya maelfu ya vijana walilazimishwa, kwa amri ya mtaala wa dola, kusoma jinsi dola inavyokandamiza. Ni mafanikio ambayo Kamiriithu, iliyobomolewa, haikuyapata.

Tena vitabu hivi si vya mzaha. Kifo Kisimani ni mjukuu halisi wa Liyongo. Mwelusi, kama Liyongo, anafia kisimani kwa mkono wa mtu wa damu yake. Katika utenzi, muuaji ni mwana aliyeahidiwa kuozwa binti ya mtawala. Katika tamthilia ni Gege, nduguye Mwelusi, aliyeahidiwa binti ya Bokono. Kithaka anatuambia jambo ambalo ripoti za tume hazilisemi vizuri: dola haipendi kuchafua mikono yake. Huutafuta mkono nyumbani kwako, ikaukodi kwa ahadi.

Kea naye ana jicho kali mahali ambapo wahakiki wengi hupapita haraka. Sudi, mchongaji, anakataa kuutumikia utawala wa Majoka kwa sanaa yake. Anayewekwa ndani ni mkewe, Ashua, ili Sudi alegee. Ukatili wa aina hiyo haukupigi pale ulipojiandaa kupigwa. Unakupiga ubavuni, kupitia kwa unayempenda, kisha unakuuliza kama bado una msimamo. Na mbele ya umma anasimama mwanamke, Tunu, hata baada ya kuumizwa. Lanina wa Kilio cha Haki alisimama hivyo hivyo mbele ya wafanyakazi zaidi ya miaka 30 kabla yake. Ukoo wa wanawake hawa katika tamthilia zetu ni mrefu kuliko tunavyofundisha.

Sasa tuseme ukweli. Kinga ina bei yake.

Bei ya kwanza ni kwamba katika nchi ya kubuni, udhalimu huwa na sura ya mtu mmoja. Jina lake tayari limebeba hukumu: Majoka. Msomaji anahitimisha kuwa nyoka akiondolewa, nyumba itakuwa salama. Ilhali ukatili wa dola ni kazi, na kazi hiyo ina zamu. Kuna anayeandika jina kwenye faili. Kuna dereva wa gari lisilo na nambari za usajili. Kuna daktari anayeulizwa aandike nini kwenye ripoti, kuna anayeahirisha kesi mara ya saba, na kuna msemaji wa kukanusha asubuhi. Wote wana watoto shuleni na wote hulipwa mwisho wa mwezi. Katika nyingi ya tamthilia zetu watu hawa ni wapambe tu, vibaraka wa kuchekesha ukumbi. Arege amekaribia zaidi kuwaonyesha katika Mstahiki Meya. Huko tunawaona madiwani mezani, tunamwona Diwani wa Tatu akipinga, na tunaiona zahanati isiyo na dawa. Hapo msomaji anatambua kwamba dola yaweza kuua bila rungu.

Linganisha na riwaya ya Haini (2003) ya Adam Shafi. Mwandishi huyu mwenyewe aliwahi kufungwa Zanzibar katika msako uliofuata kuuawa kwa Rais Abeid Amani Karume mnamo Aprili 1972, na riwaya inatuingiza gerezani pamoja na Hamza. Humo ndani hakuna nyoka mmoja wa kulaumiwa. Kuna milango, kuna mahojiano, kuna walinzi, na kuna kungoja. Kungoja kwingi mno. Msomaji anafunga kitabu akijua kwamba mateso hufanywa na watu waliopangiwa kuyafanya. Elimu hiyo haipatikani Butangi.

Sauti ya Dhiki nayo inatufunza jambo la ufundi. Abdilatif anafumba katika “Mamba”, lakini katika “Kuno Kunena” anauliza waziwazi kama kusema kwake ndiko kulikomponza. Mshairi yule yule, gereza lile lile. Kwake fumbo ni uamuzi wa shairi moja. Si sheria ya kitabu kizima. Kwetu sisi limegeuka kuwa sheria.

Bei ya pili ni tamati. Jukwaa linadai mwisho, na hadhira imelipa nauli kuja kuuona. Meya Sosi anatiwa mbaroni. Umati wa Sagamoyo unakusanyika, na Majoka anajikuta peke yake. Makofi. Maisha hayana pazia. Tarehe 26 Juni 2024, Rais William Ruto alitangaza kwamba hatautia sahihi Mswada wa Fedha. Kwa kanuni za tamthilia tulizozisoma, hadithi ilikuwa imekwisha. Kumbe ndipo sura ngumu zilikuwa zinaanza: miezi ya vijana kubebwa na watu wasiojitambulisha, na wazazi kuzunguka vituo vya polisi na vyumba vya maiti wakiuliza majina. Kitabu gani kilimwandaa kijana wetu kwa miezi hiyo? Si Kigogo. Nadhani ni Sauti ya Dhiki, hasa “Siwati”, shairi lisilo na ushindi wowote ndani yake ila mtu anayesema haachi. Ushindi ni somo tamu. Kutoacha wakati hakuna ushindi ni somo jingine, na vitabu vyetu vya mtihani vimelipa nafasi ndogo.

Bei ya tatu tunailipa darasani. “Fafanua maudhui ya uongozi mbaya katika tamthilia ya Kigogo. Alama 20.” Mtahiniwa anaorodhesha hoja kumi, kila hoja alama mbili, anafunga kijitabu, anaenda nyumbani. Mwongozo ulikuwa umeshamwambia kwamba Sagamoyo ni taswira ya nchi nyingi za Afrika baada ya uhuru. Nchi nyingi za Afrika! Ndiyo njia yetu ya adabu ya kusema: si hapa kwetu. Walinzi wa leo ni werevu kuliko wale wa Pate. Hawautupi mkate wala hawaudoei. Wanausahihisha, wanautia alama na kuupanga kwenye rafu.

Mpaka wa uvumilivu huo tuliuona Aprili 2025. Wasichana wa Butere walipeleka tamthilia ya Echoes of War, iliyoandikwa na Cleophas Malala, kwenye tamasha ya kitaifa ya drama mjini Nakuru, na ilibidi mahakama iamuru waruhusiwe kuigiza. Hatimaye hawakuigiza. Waliimba wimbo wa taifa wakaondoka jukwaani, na polisi wakafyatua vitoamachozi katika eneo hilo la tamasha. Tamthilia hiyo nayo ilisimulia ufalme wa kubuni. Kinyago hakikuikinga. Fumbo linavumiliwa likiwa ndani ya karatasi ya mtihani. Likiwa kinywani mwa msichana aliye hai, mwaka huu, mbele ya watu, linaitwa tishio. Basi kama kinyago hakikingi tena pale tunapokihitaji, kwa nini tunaendelea kukivaa pale tusipokihitaji?

Maadamu safu hii ni ya lugha, tuyatazame na maneno yenyewe. Tunaandika kila mara kwamba kijana fulani “ametekwa nyara”. Nyara ni mali inayochukuliwa kutoka kwa adui vitani. Tukisema raia ametekwa nyara na maafisa wa serikali yake, tumesema, bila kukusudia, kwamba serikali hiyo iko vitani naye. Neno hilo ni kali kuliko makala nyingi za tahariri, ila tumelizoea hata halitushtui. Wakati huo huo tunasoma kwamba mwandamanaji “alipoteza maisha katika purukushani”. Ala! Maisha hupotea kama kalamu? Kauli ya kutendwa katika Kiswahili ina nafasi ya kumtaja mtenda kwa “na”: aliuawa na fulani. Tunapoandika “aliuawa” tukaweka nukta hapo, ilhali tunajua ni nani, tumemfichia mtu jina. Hilo nalo ni fumbo, lakini linamkinga mlinzi, si mfungwa.

Najua pingamizi litakalotolewa. Fasihi si ripoti ya tume, na Butangi itadumu kuliko jina la waziri yeyote. Kweli kabisa. Lakini aliyedumu kuliko wote ni Liyongo, na Liyongo ana Pate, ana Ozi, ana mama, ana kijakazi mwenye jina. Umahususi haukumzuia kudumu. Wala simtaki mwandishi yeyote ajitoe mhanga. Wale walioandika chini ya sheria za kuzuiliwa bila kushtakiwa walijua walichokuwa wakikwepa, na sina haki ya kuwahukumu. Ninachosema ni kwamba Katiba ya 2010 inalinda uhuru wa kujieleza katika Ibara ya 33, na katika Ibara ya 25 inatangaza kwamba uhuru wa kutoteswa hauwezi kuwekewa mipaka. Utekelezaji unachechemea, hilo tunalijua. Hata hivyo kinga iliyovaliwa kwa lazima mwaka wa 1985 sasa inavaliwa kwa mazoea, na mazoea si sababu ya kisanaa.

Hapa ndipo penye uzito wa jambo hili. Tazama kile kilichoandikwa kuhusu ukatili wa dola nchini, kikiwa na tarehe, mahali na majina. Habari za vyumba vya mateso vya Nyayo House, za uwanja wa ndege wa Wagalla, Wajir, mnamo Februari 1984, na za akina mama waliokusanyika Uhuru Park mwaka wa 1992 pamoja na Wangari Maathai kudai wana wao waliofungwa kwa sababu za kisiasa. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, iliyokabidhiwa Rais mwaka wa 2013, ni mabuku kadhaa. Sehemu kubwa ya haya yote imo katika Kiingereza. Tumegawana kazi bila kukubaliana: Kiingereza kimepewa ushahidi, Kiswahili kimepewa Sagamoyo. Msomaji wa Kiingereza anapewa faili. Msomaji wa Kiswahili anapewa mtihani. Na mama wa mfungwa, yule aliyekusudiwa na wimbo wa Liyongo tangu mwanzo, ndiye asiyeletewa chochote anachoweza kukishika.

Marekebisho yanawezekana, na si ya gharama. Wachapishaji wanaweza kutafsiri angalau shuhuda chache za wafungwa wa kisiasa, kama Shetani Msalabani ilivyotafsiriwa mwaka wa 1982, na kuacha kusubiri zipate kibali cha kutahiniwa ndipo zionekane zina soko. Waandishi wachanga, hasa wale waliokuwa barabarani, wanaweza kuandika kwa Kiswahili yaliyowapata kabla hawajayageuza kuwa tamthilia. Ushahidi kwanza; istiari itakuja, na itakuja ikiwa na mifupa.

Nasi walimu tunaweza kubadilisha swali moja tu. Tusimwulize mwanafunzi Majoka ni mfano wa nini. Tumwulize ni nani aliyeufunga mlango wa seli ya Ashua, ni nani aliyempa ufunguo, alilipwa na nani, na kwa nini hakuna ukurasa unaomtaja kwa jina. Mwanafunzi atakayeanza kuuliza hivyo kuhusu Sagamoyo hataishia Sagamoyo.